Aliyesimama Kando ya Stelingi

Mkikaa mbele ya runinga kutazama filamu, najua macho yenu yanamfuata nani. Yanamfuata stelingi. Yeye ndiye mwenye bunduki, ndiye anayeruka kutoka kwenye gari linalowaka moto, na mnajua tangu dakika ya kwanza kwamba stelingi hafi. Mwalimu wa fasihi humwita mhusika mkuu. Leo mwacheni kwanza, tumtazame mtu aliye kando yake: dada, jirani, muuguzi anayemfunga kidonda, mke anayeuliza, "Unakwenda wapi usiku huu?" Huyo ndiye mwigizaji msaidizi. Nitawasimulia habari za mmoja wao, mwanamke wa Marekani aliyeitwa Barbara Britton, kwa sababu katika miaka yake ya kazi aliwahi kucheza hadithi iliyotokea jirani na sisi hapa Mtito Andei, na watu wa kwao wakapanga foleni barabarani kuitazama.

Alitoka Long Beach, mji ulio kando ya bahari katika jimbo la California, na jina la kwao lilikuwa Brantingham. Chuoni alisomea ufasaha wa kuzungumza mbele ya watu, akikusudia kuwa mwalimu wa somo hilo na wa maigizo. Mwaka 1941 kampuni ya filamu ya Paramount ikampa mkataba, na ualimu ukaishia hapo.

Mkataba wa siku hizo ni jambo la kuelezwa, maana haukufanana na wa leo. Hollywood iliendeshwa kama kiwanda. Kampuni kubwa ilikuwa na maseremala wake, washonaji wake, wapiga picha wake na waigizaji wake, wote wa mshahara. Mwigizaji mchanga hakuchagua filamu. Aliambiwa mwezi huu wewe ni muuguzi, ukimaliza utakuwa binti wa mfugaji wa ng'ombe, na asubuhi anatakiwa awe amepakwa rangi usoni, amevaa, na maneno yake ameyakariri. Kampuni nyingine ikimtaka, aliazimwa. Akikataa kazi, aliweza kusimamishwa bila malipo. Ndiyo maana majina ya waigizaji wa wakati ule yanaonekana katika filamu nyingi mno kwa miaka michache.

Britton alianza na filamu ya kauboi, Secret of the Wastelands, moja katika zile nyingi za kauboi maarufu Hopalong Cassidy. Mwaka 1943 alikuwa miongoni mwa wauguzi katika So Proudly We Hail!, habari za wauguzi wa jeshi la Marekani waliozingirwa na vita huko Ufilipino. Wakubwa wa filamu hiyo walikuwa Claudette Colbert, Paulette Goddard na Veronica Lake. Sasa fikirini: wauguzi wakiwa watatu tu kwenye skrini, nani ataamini kwamba pale kuna hospitali ya vita? Wanaohitajika ni wale wengine, anayekunja bendeji, anayelala ameketi kwa uchovu, anayeshtuka ndege zikisikika. Hawa ndio wanaokufanya uiogope vita ile. Britton alikuwa mmoja wao, akiitwa Luteni Rosemary Larson.

Mwaka uliofuata alipewa nafasi kubwa. Katika Till We Meet Again alikuwa mtawa kijana wa Ufaransa anayetoka nje ya kuta za nyumba ya watawa kwa mara ya kwanza ili amsaidie rubani wa Marekani kuwatoroka Wajerumani. Rubani alikuwa Ray Milland. Nafasi kama hiyo ingeweza kumfanya stelingi wa kudumu. Haikuwa hivyo, na yeye akarudi kando, akafanya kazi. Filamu za kauboi zilimpenda: The Virginian mwaka 1946 pamoja na Joel McCrea, Gunfighters na Albuquerque pamoja na Randolph Scott. Katika hadithi za maharamia, Captain Kidd ya mwaka 1945, alikuwa binti wa ukoo bora ndani ya meli iliyojaa wauaji.

Lakini mkitaka kumwona akiifanya kazi yake hasa, tafuteni I Shot Jesse James ya mwaka 1949, filamu ya kwanza ya mwongozaji Samuel Fuller. Kijana wa genge la majambazi, Bob Ford, anampenda Cynthy, mwigizaji wa jukwaani. Serikali imetangaza msamaha na fedha kwa atakayemmaliza kiongozi wa genge, Jesse James, na Jesse ni rafiki wa Bob, amemkaribisha nyumbani kwake. Siku moja Jesse anapanda juu kunyoosha picha iliyopinda ukutani, na Bob anampiga risasi ya mgongo. Kisha anakwenda kwa Cynthy akiamini kwamba amemletea zawadi: sasa niko huru, tunaweza kuoana.

Cynthy ndiye Britton. Mwanamke huyu anamwogopa mwanamume anayempenda, na hathubutu kumwambia. Mwandishi hakumpa hotuba ya kujieleza. Amepewa kusimama karibu na mtu aliyemuua rafiki yake kwa ajili yake, na sisi watazamaji tujue yaliyo moyoni mwake bila yeye kuyasema. Hapo ndipo mnaona kwa nini nasema kazi hii ni ngumu. Stelingi akisema neno, hujui uzito wake mpaka uone uso wa anayelisikia. Neno lile lile, "nimekufanyia wewe," linaweza kuwa tamu au la kutisha, na anayeamua ni huyo anayesikiliza. Kwa mwigizaji msaidizi, kusikiliza ni nusu ya kazi, na pengine ni zaidi ya nusu.

Kuna nyingine ya mwaka 1950, Champagne for Caesar, ambayo ni ya kuchekesha. Ronald Colman ni mtu anayejua kila kitu duniani lakini hana kazi. Anakasirishwa na kampuni ya sabuni, anaamua kuifilisi kwa kushinda mashindano ya maswali ambayo kampuni hiyo inayadhamini, fedha zikiongezeka maradufu kila anapojibu. Britton ni dada yake, mwalimu wa kinanda. Mtangazaji wa mashindano anatumwa ajifanye mwanafunzi wa kinanda ili apeleleze kwa dada, na mambo yanageuka kuwa mapenzi. Kumbukeni hayo mashindano ya maswali, tutakutana nayo tena.

Sasa tufike kwetu.

Mnajua kwamba reli ya zamani ilianzia Mombasa mwaka 1896 na kufika Kisumu mwaka 1901, ikipita hapa Mtito Andei. Mwaka 1898, kama kilomita 50 kutoka hapa mkielekea Voi, wafanyakazi walikuwa wakijenga daraja la mto Tsavo chini ya John Henry Patterson. Simba wawili dume, wasio na manyoya ya shingo, wakaanza kuwachukua watu kutoka kwenye mahema. Ilidumu tangu Machi hadi Desemba. Patterson alimuua wa kwanza tarehe 9 Desemba na wa pili tarehe 29. Katika kitabu chake cha mwaka 1907 aliandika kwamba Wahindi 28 waliliwa, pamoja na Waafrika ambao hakuna aliyewaandika. Baadaye akadai jumla ya watu 135. Wanasayansi waliochunguza mifupa na manyoya ya simba hao walikadiria mwaka 2009 kwamba ni watu wapatao 35. Ngozi za simba hao zilikuwa mazulia ya Patterson mpaka mwaka 1924 alipoziuza kwa jumba la makumbusho la Field, Chicago, kwa dola 5,000, na huko ndiko waliko.

Hao Waafrika wasioandikwa hunikaa moyoni kila ninaposimulia habari hii. Walikuwa na majina, na walikuwa na watu waliowangoja nyumbani.

Zaidi ya nusu karne baada ya simba hao, mtengenezaji wa vipindi vya redio na filamu aitwaye Arch Oboler aliichukua hadithi hii akaifanya filamu, akaiita Bwana Devil. Alikuwa amewahi kusafiri Afrika na kurudi na picha alizopiga. Lakini sehemu za waigizaji alizipiga katika shamba la filamu la Paramount nje ya Los Angeles. Vilima vya California ndivyo vilivyokuwa Tsavo. Mhandisi aliyechezwa na Robert Stack hakuitwa Patterson, aliitwa Hayward, na mwandishi akampa kitu ambacho Patterson hakitaji kambini katika kitabu chake: mke anayesafiri kutoka Uingereza kumfuata. Jina la mke ni Alice, na Alice ni Barbara Britton.

Kwa nini waliongeza mke? Fikirini kama watu wanaotunga hadithi. Mhandisi peke yake na bunduki, gizani, anawinda simba. Ni jambo la kutisha, ndiyo, lakini tumeshasema stelingi hafi, kwa hiyo hofu haishiki. Mwekee mtu ambaye angeweza kufa. Mtu ambaye hajui ukimya wa nyika una maana gani, ambaye anasikia tawi likivunjika na kugeuka. Mara moja mhandisi ana sababu ya kutetemeka, nasi pia. Mwaka mmoja kabla yake, Where No Vultures Fly, filamu ya Waingereza iliyopigwa hapa Kenya kuhusu kuanzishwa kwa mbuga ya wanyama, nayo ilikuwa na mke kando ya bwana nyama, akichezwa na Dinah Sheridan. Mke wa nyikani akawa nafasi ya kawaida katika sinema za Afrika za miaka hiyo.

Wenyeji wa nchi, kwa upande wao, walipewa kubeba mizigo na kukimbia. Hadithi ilikuwa ya ardhi yetu, ilhali nafasi ya kuwa na jina, kuogopa na kupenda mbele ya kamera ilikwenda kwa wengine. Nawaambia hilo waziwazi kwa sababu ni kweli, na halipunguzi bidii ya Britton katika kazi aliyopewa.

Bwana Devil ilikuwa na jambo jingine: ndiyo filamu ndefu ya kwanza ya Kimarekani iliyokuwa ya rangi na ya pande tatu kwa pamoja, ile mnayoiita 3D. Mnataka kujua inavyofanya kazi? Nyoosha mkono, inua kidole gumba mbele ya uso. Funga jicho la kushoto, fungua, kisha funga la kulia. Kidole kinaruka huku na huku, ilhali hukukisogeza. Kila jicho linaona kwa pembe yake, na ubongo unaziunganisha picha hizo mbili ili ujue kitu kiko mbali au karibu. Basi walifunga kamera mbili pamoja, moja kwa kila jicho. Ukumbini, projekta mbili zilitupa picha zote mbili juu ya skrini moja, na mtazamaji akavaa miwani iliyochuja mwanga ili kila jicho lipate picha yake tu. Kwa kuwa projekta zote mbili zilikuwa kazini kwa pamoja, ilibidi filamu ikatizwe katikati ili mafundi wabadilishe mikanda. Tangazo la filamu liliwaahidi watu simba mapajani mwao.

Ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Los Angeles tarehe 26 Novemba 1952. Mpiga picha wa jarida la Life alipiga picha ya watazamaji wa usiku huo, safu kwa safu za watu waliovaa miwani ile, nyuso zote zimeinuka upande mmoja. Huenda mmeiona bila kujua kwamba walichokuwa wakikitazama ni hadithi ya Tsavo. Waandishi wa magazeti waliiponda filamu, wakasema hadithi ni dhaifu. Watu hawakuwasikiliza, walijaa kumbi. Kampuni nyingine zikakimbilia 3D, na mwaka 1953 ikaja House of Wax ya Vincent Price, yule yule aliyekuwa mwenye kampuni ya sabuni katika Champagne for Caesar.

Wekeni tarehe ya onyesho lile la kwanza kando ya nyingine. Tarehe 20 Oktoba 1952, wiki tano kabla ya usiku huo wa miwani, serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari hapa Kenya, na Jomo Kenyatta na wenzake wakakamatwa. Dunia ilikuwa ikisikia jina la Kenya kwa njia mbili kwa wakati mmoja, na ile ya simba ndiyo iliyouza tiketi.

Mwezi huo huo wa Oktoba, Britton alianza kazi nyingine iliyompeleka sebuleni mwa watu kila wiki. Ilikuwa Mr. and Mrs. North, kipindi cha runinga cha mume na mke wa New York ambao kila mara hujikuta kwenye kesi ya mauaji na kuitatua kabla ya polisi. Mume alikuwa Richard Denning. Hapa Britton hakuwa kando hata kidogo: Pamela North ndiye aliyeuliza maswali, ndiye aliyeingia chumba alichokatazwa. Kipindi kilidumu hadi mwaka 1954. Runinga ilikuwa changa, waigizaji wengi wa filamu waliidharau wakidhani itawashushia hadhi. Yeye alikwenda, na nadhani alifanya vizuri, kwa sababu skrini ndogo ililipa kile alichokijua zaidi. Pale hakuna mlima wala farasi wa kuvutia jicho. Kuna uso tu, karibu.

Kisha yakaja yale mashindano ya maswali. Mwaka 1955 shirika la CBS lilianza The $64,000 Question, ambapo fedha ziliongezeka maradufu kila swali, kama katika ile filamu ya kuchekesha. Mdhamini hakuwa wa sabuni. Ilikuwa kampuni ya vipodozi ya Revlon, na mwanamke aliyesimama mbele ya kamera kueleza rangi za midomo na za kucha alikuwa Barbara Britton. Matangazo hayo yalikwenda hewani moja kwa moja. Ukikosea neno, nchi nzima imesikia. Ukiangusha kichupa, kimeanguka mbele ya mamilioni ya watu. Kuna mshiriki ndani ya kibanda, jasho likimtoka, anayengoja swali litakalomtajirisha, watazamaji wameshika pumzi, halafu kipindi kinakukabidhi wewe dakika moja na unatakiwa usiwaudhi. Ile elimu ya chuoni ya kuzungumza mbele ya watu ilipata kazi yake hapo. Mauzo ya Revlon yalipanda sana.

Baadaye ikabainika kwamba baadhi ya mashindano ya aina hiyo yalipangwa, washiriki wengine wakipewa majibu mapema, na mwaka 1958 kipindi hicho kikaondolewa. Hayo yalikuwa ya waandaaji. Britton aliendelea kuwa sura ya Revlon miaka mingi, hata watu wengi walimtambua kwa matangazo kuliko kwa filamu zake zote za kauboi. Mwaka 1979 alirudi kwenye uigizaji katika tamthilia ya kila siku, One Life to Live. Alifariki New York mwezi wa Januari 1980.

Hakupata tuzo ya Oscar wala kuteuliwa. Lakini tuzo yenyewe ya waigizaji wasaidizi ina habari yake. Ilianzishwa kwa filamu za mwaka 1936, na kwa miaka saba ya mwanzo mshindi wake hakupewa sanamu. Stelingi alipokea sanamu ya dhahabu, msaidizi akapokea kibao cha ukutani. Hattie McDaniel, Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda Oscar, alipokea kibao mwaka 1940, naye usiku huo alikalishwa meza ya mbali na wenzake wa filamu ile ile. Sanamu kamili ilianza kutolewa kwa wasaidizi mwaka 1944. Grace Kelly aliteuliwa katika kundi hilo kwa Mogambo, filamu ya mwaka 1953 iliyopigwa kwa sehemu kubwa hapa Afrika Mashariki. Na Machi 2014 mshindi alikuwa Lupita Nyong'o, kwa 12 Years a Slave. Nchi nzima ilishangilia, na tuzo tuliyoishangilia ilikuwa hii hii ya mtu wa kando.

Kwenye runinga yetu, kazi hiyo tumeiona miaka mingi bila kuipa jina. Vitimbi ilikuwa na Mzee Ojwang, marehemu Benson Wanjau, na hakuna aliyebisha kwamba yeye ndiye aliyefanya watu waache kuosha vyombo wakimbilie sebuleni. Ila vituko vyake vilihitaji mtu wa kuvipokea. Mary Khavere, Mama Kayai wetu, alikuwa mkewe katika kipindi. Ojwang angesema upuuzi wake, kisha kamera ikamgeukia Mama Kayai, mkono kiunoni, bado hajasema neno, na kicheko kinatoka hapo. Watu wa Makueni na Kitui walicheka sawa na watu wa Kakamega, wakiwemo wasiofuata kila neno la Kiswahili.

Hadithi ya Tsavo imerudiwa tena na Hollywood, katika The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996. Safari hii Val Kilmer ndiye Patterson, mkewe akachezwa na Emily Mortimer, na simba wakawa na manyoya mengi ya shingo, kinyume na wale wa kweli. Walipiga Afrika Kusini. Kwa hiyo mara mbili simba wetu wamekwenda kwenye skrini za dunia kutoka katika vilima vya watu wengine.

Ninyi mna simu zinazopiga picha nzuri kuliko kamera nyingi za zamani, na mnaishi penye lango la mbuga yenyewe. Mkianza kuiandika upya, mhandisi msihangaike naye, ameshapata wa kumcheza. Anzeni na wale wafanyakazi ambao hakuna aliyewaandika. Mpeni mmoja wao jina, mpeni dada aliyekuja kambini kuuliza habari zake. Halafu mtafuteni msichana wa darasa lenu anayejua kusikiliza.